Ligi Ilipovua Nguo Sebuleni Kwetu

Fundi wa rangi aliniita sebuleni kwa marehemu mama yangu akaniuliza, kwa heshima zake zote, kama hapo ndani palikuwa bucha zamani. Nikamwambia hapana. Akanionyesha ukuta. Alikuwa amekwaruza rangi ya maziwa, akafikia ya kijani, na chini ya ile ya kijani kulikuwa na misumari iliyojipanga kutoka mlangoni hadi dirishani, minene kama ya kushikilia reli, kila mmoja umekatwa kichwa na kupakwa rangi juu ili usionekane. Kisha akasogeza pua karibu, akapiga chafya, akasema huu ukuta unanuka kama mgonjwa. Nami nikasogeza pua. Nakuambia ukweli mtupu: baada ya miaka yote hiyo, ukuta ulikuwa bado unatoa harufu ya dawa ya kuchua misuli, ile ya kopo dogo inayokutoa machozi ukiwa bado kwa jirani. Nikakaa juu ya ndoo ya rangi, nikacheka mpaka fundi akaweka brashi chini na kuuliza kama aniitie mtu.

Wewe wa rika langu uliyekulia Kitengela unaukumbuka uwanja wetu. Nauita uwanja kwa adabu tu. Ulikuwa mbuga iliyowekewa milingoti. Upepo wa siku hizo haukuwa na maghorofa ya kuuzuia. Ulitoka upande wa Athi, ukapita katikati ya mechi, ukaendelea na safari yake ya Kajiado, na mpira ukipigwa juu sana ulikuwa huru kuandamana nao. Kuna siku pundamilia walikatiza eneo la penalti na refa akapuliza filimbi, akangoja wapite, maana hakuna kanuni inayosema unawaonyesha kadi ya rangi gani. Nyumba yetu ilikuwa nyuma ya goli la upande wa barabara. Kilichotutenganisha na uwanja ni ua wa michongoma wenye pengo moja, pengo ambalo mbuzi na baba yangu walilitumia kwa haki sawa.

Baba alikuwa fundi wa kuchomelea mageti. Milingoti ile aliitengeneza yeye, na ndiyo sababu mmoja ulikuwa na maua ya chuma pale juu. Alisema mkono ulijisahau. Alikuwa pia mtunza vifaa wa timu yetu, maana yake ni kwamba mipira na jezi zililala chumbani kwangu na mimi nikalala ninapopata nafasi. Basi mwaka huo timu yetu ikafanya maajabu, ikapanda hadi ligi kubwa, timu pekee ya Kajiado nzima huko juu. Watu waliimba barabarani hadi malori ya simiti yakazima injini. Baada ya wiki chache watu wa ligi wakaja kukagua uwanja, wakauliza swali moja ambalo hakuna kichwa kilichokuwa kimelifikiria: wageni watabadilishia nguo wapi?

Uwanja mwingine uliokuwa na vyumba, tuliambiwa, ulikuwa Magadi, na tukikosa vyumba tungechezea huko. Sasa Magadi unaijua. Unapita Kona Baridi ukiwa na sweta, ukifika Oltepesi unaivua, na ukifika kule chini unatamani kuvua ngozi. Timu yetu ilikuwa imeenda huko mechi ya kirafiki, na kipa wetu Masika, mtu mrefu hadi alikuwa anainama chini ya kamba za nguo za mtaa mzima, alirudi akisema kwamba kwa lile joto aliona mipira mitatu ikija, akadaka ule wa katikati, na haukuwa wenyewe. Kocha Barasa akasema afadhali kushuka daraja kuliko kushuka Magadi. Hapo ndipo baba, kwa maringo ya mtu aliyetengeneza milingoti, alipoinua mkono kikaoni akasema vyumba viko, viko kwake.

Hakuwa amemwambia mama.

Mama alitoka upande wa Nyeri, na sebule ilikuwa kanisa lake la pili. Kulikuwa na kitambaa cha kufuma juu ya kila kiti, kitambaa juu ya redio, na nina hakika kulikuwa na kitambaa juu ya kitambaa. Sisi wenye nyumba tuliingia humo Krismasi. Aliposikia kwamba wanaume wenye jasho kutoka kila pembe ya Kenya watavua suruali mbele ya picha ya harusi yake, hakupiga kelele. Aliigeuza picha ikatazama ukuta, akasema, "Baba Naserian, mtu mmoja tu akikalia vitambaa vyangu, wewe utahamia Magadi peke yako." Ndiyo ile misumari sasa. Viti vilihamishwa, baba akagongomea msumari kwa kila mchezaji, na mabenchi yakaazimwa kanisani. Wageni wakapewa sebule. Marefa wakapewa chumba cha kulala cha wazazi wangu. Timu yetu ikajibanza kwenye banda la kuchomelea, kati ya mageti yasiyo na nyumba. Baba akaandika kwa chaki juu ya kila mlango, WAGENI, MAREFA, WENYEJI, na kwa kuwa chaki yake ilikuwa ile ya kuandikia chuma, haikufutika. Msimu mzima baba akiaga kwenda kulala, mama alimuuliza kama amebeba filimbi.

Watu walikaa huko nje upeponi wakaona dakika tisini. Mimi niliona zilizobaki. Kati ya jikoni na sebule kulikuwa na pazia la shanga, na nyuma ya pazia hilo nilipata elimu ambayo hakuna shule ya msingi inayoitoa. Kwa mlango wa jikoni nilimwona Masika, jitu lile, akienda nyuma ya banda la kuku kutapika kabla ya kila mechi, kwa ustaarabu mkubwa, akiwaomba kuku radhi, na akirudi anapangusa mdomo na kusema sasa niko sawa. Nilimwona beki wa wageni, mtu wa ndevu, akiweka pakiti za unga ndani ya soksi ili kulinda miguu, na kila akikimbia alitoa kijiwingu cheupe. Kulikuwa na mmoja ambaye lazima avae kiatu cha kushoto kwanza, na siku aliyojisahau alivua kila kitu hadi akabaki alivyozaliwa, akaanza upya na soksi, huku wenzake wakimngoja kama watu wanaongoja ibada. Refa alitandaza kaptura yake kwenye meza yetu ya kulia, akaipiga pasi ya makaa, kisha akamwita mama aje aangalie kama mkunjo umenyooka. Mama alimwambia aanze tena. Akaanza tena.

Lakini lililonishangaza ni kocha na ubao. Kila kocha alikuja na ubao mdogo mweusi, akausimamisha juu ya redio yetu, akaanza kuchora duara na alama za X. Wakati huo nilikuwa darasa la pili na hesabu zilikuwa zinanikaba koo. Nimekuja kumaliza kidato cha nne nikiwa mama wa watoto, shule ya jioni, na hadi leo nikiona X natafuta meza ya kujificha chini yake. Kwa hiyo nilipoona ubao wote umejaa X na sufuri, na mwanaume mwenye kitambi anaugonga kwa chaki akifoka kwamba hii kazi niliwapa juzi, hii tumefanya wiki nzima, mnanifanya nionekane mjinga, huku wanaume wa umri wa wajomba zangu wamekaa kwenye benchi wakitazama vidole vya miguu, nilielewa kila kitu papo hapo.

Hawa walikuwa watu wazima waliofeli.

Kila kitu kilikaa sawa. Waliofaulu walikuwa wamekaa kando ya uwanja wakitafuna njugu. Waliofeli wamevishwa nguo zinazofanana, wametiwa namba mgongoni, na adhabu yao ni kukimbia juani. Yule wa filimbi ndiye mwalimu mkuu. Si ana kadaftari mfukoni, na mtu akimsumbua anaandika jina, kama vile kiranja wetu alivyoandika wapiga kelele? Wakati wa mapumziko walirudishwa sebuleni kufokewa tena, wakapewa machungwa kwa huruma, wakatolewa nje kumalizia adhabu. Niliwahurumia hadi nikakosa usingizi. Siku moja mchezaji wa wageni alirudi sebuleni peke yake kabla ya mechi kuisha. Alikuwa ameonyeshwa kadi nyekundu. Alikaa chini ya msumari wake, jezi juu ya uso, mabega yakitetemeka. Mimi nilijua maana ya kadi nyekundu: mwalimu mkuu amemsamehe, amemruhusu aende nyumbani. Nikapenya pazia nikamwambia hongera.

Akashusha jezi. "Ati nini?"

"Hongera. Wenzako bado wanakimbia. Mimi hata mwalimu hajawahi kuniachilia mapema."

Akaanza kucheka na kulia kwa pamoja, kitu ambacho sikuwa najua mtu anaweza, na akanipa chungwa lake.

Sasa nikueleze habari ya Kokoo, bibi yangu, mama ya baba. Alikuwa ametoka Ilbisil kuja kutibiwa jicho, jicho likapona, yeye akabaki. Kokoo alikuwa na msimamo mmoja kuhusu mpira: haujui na hautaki. Lakini kuhusu wageni alikuwa na sheria. Mgeni haingii kwa mwanawe akatoka mkavu. Kwa hiyo mechi ya kwanza kabisa nyumbani, wakati wageni wamevua wamebaki na chupi, pazia la shanga lilifunguka, akaingia Kokoo na kibuyu cha maziwa na kishada cha majani mabichi. Akachovya majani, akawanyunyizia mmoja mmoja, kichwani na kifuani, akiwaombea kwa Kimaa wapate watoto, ng'ombe na mvua. Kwetu hiyo ni baraka, hakuna mtoto wa Mmaasai asiyeijua. Lakini hao walikuwa wametoka mbali, na wanaume wa mpira, wacha nikuambie, wanaogopa uchawi kuliko wanavyoogopa kufungwa. Waliingia uwanjani bado wanajipangusa maziwa. Tuliwafunga mabao manne, na mawili walijifunga wenyewe.

Wachezaji wetu hawakuwa wajinga. Kila tulipoenda kucheza ugenini walinong'ona huku na kule kwamba Kitengela kuna mama mzee, ana maziwa ya ng'ombe aliyekufa akaamka, tone moja likikugusa goti linalala. Habari ikasafiri kuliko basi. Timu zikaanza kuja na ndimu ndani ya soksi. Timu moja iliingia kinyumenyume. Nyingine ilikataa mlango kabisa ikaingia kwa dirisha, wanaume wazima wakining'inia kwenye pazia la mama, naye amesimama kwenye mlango ulio wazi, mikono kiunoni, akiwaambia kwa upole kwamba mlango ni bure.

Shida ya uongo ni kama ya ile dawa ya kuchua. Unayempaka anawashwa kidogo, lakini mkono wako ndio unaobaki na harufu. Taratibu wachezaji wetu wakaanza kuuamini wenyewe. Wakaacha kupita karibu na mlango wa jikoni. Masika akienda chooni alizunguka nyumba nzima ili asikutane na Kokoo, na kwa kuwa alienda mara nyingi, alichonga njia kwenye nyasi. Kokoo mwenyewe hakujua lolote. Alikuwa anashangaa tu kwa nini vijana wa nyumbani hawana salamu.

Na mama? Mama na Kokoo walikuwa hawasemezani. Maziwa yalikuwa yamedondokea kitambaa kimoja, yakaganda, yakanuka, na mama akasema neno, na Kokoo akajibu kwamba nyumba ambayo mgeni hana kiti ila kitambaa kina kiti ni nyumba ya ajabu. Tangu hapo wakawa wanazungumza kupitia mimi, hata wakiwa wamekaa jiko moja, magoti yanagusana. Mwambie bibi yako chai iko tayari. Mwambie mama yako sukari ni kidogo. Na kila Jumapili Kokoo alipotubariki sisi wa nyumbani, mama alikumbuka sufuria iliyokuwa inaungua.

Basi tukafika mechi ya mwisho ya msimu. Ushindi wa mwanzo ulikuwa umeisha nguvu, tulikuwa tumefungwa na kila mtu, na hesabu ilikuwa rahisi hata kwangu: tukipoteza tunashuka, tukitoka sare tunabaki. Baba hakula siku hiyo. Alikuwa ameizungushia mapema misumari yote magazeti ili nguo za wageni zisipate kutu, kana kwamba hilo lingewalainisha moyo. Mimi pia nilikuwa na habari tumboni. Ijumaa mwalimu alikuwa amenisimamisha kando ya meza yake akaniambia, si kwa ubaya, kwamba mwaka ujao wenzangu wataenda la tatu na mimi nitabaki la pili, nikamwambie mama. Lakini utamwambiaje mtu kitu kama hicho katika nyumba ambayo baba anazungumza na misumari?

Basi la wageni lilifika kutoka upande wa ziwa, likasimama mbele ya geti letu, na hakuna aliyeshuka. Tulingoja. Mwishowe akashuka nahodha wao, mtu mfupi mwenye sauti iliyonunuliwa kwa ajili ya mtu mrefu, akamwendea kamisaa wa mechi. Kamisaa alikuwa mzee wa koti na mkoba, mtu wa ligi anayehakikisha kila kitu kinaenda kwa kanuni.

"Sisi kwa hiyo nyumba hatuingii," nahodha akasema. "Tumesikia habari ya huyo mama."

Kamisaa akaeleza, bila kupandisha sauti, kwamba kanuni inataka mwenyeji awe na chumba ambacho mgeni anaweza kukitumia. Kama mgeni hawezi kukitumia, hakuna chumba. Kama hakuna chumba, hakuna mechi, na ushindi ni wa wageni. Akatazama saa, akatupa nusu saa. Watu waliokuwa wamejaa uani wakamgeukia baba. Baba akashika geti, moja ya mageti yake mwenyewe, kama mtu aliyefungiwa nje.

Kocha Barasa akaenda kwa Kokoo, ambaye alikuwa amekaa mlangoni pa jikoni akivuta ugoro, kibuyu kiko tayari miguuni.

"Kokoo, leo tu. Weka hiyo kitu kando, leo tu."

"Hawa si ni wageni?"

"Ni wageni."

"Na wanavua nguo kwa nyumba ya mtoto wangu?"

"Wanavua, Kokoo."

"Basi. Mimi siwezi kuangalia mtoto wa mtu amesimama uchi kwangu kama ng'ombe ya mnada, hata baraka hana. Mama yake akisikia atasema nini?"

Nahodha alikuwa amesikia. Akasogea, lakini si karibu sana. "Kama hiyo ni baraka kweli," akasema, "ibariki timu yenu kwanza. Tuone kwa macho. Tukiona, tunaingia."

Kila mtu akaona hilo ni neno la haki. Kokoo akaliona zuri kuliko wote, kwa vile alikuwa na hamu na hao vijana tangu mwanzo wa msimu. Akainuka, akachukua kibuyu, akageuka kuelekea banda la kuchomelea ambapo timu yetu ilikuwa imesimama imevaa jezi. Akapiga hatua moja. Timu nzima ikarudi nyuma hatua moja. Akaongeza nyingine. Winga wetu akakumbuka kufunga kamba za viatu, na viatu vyake havikuwa na kamba. Masika akajificha nyuma ya mtungi wa gesi, lakini mtungi ulimfika kiunoni tu, akabaki anaonekana kama twiga nyuma ya kichaka.

"Si nyinyi mlisema hii ni stori mmetunga?" Kocha Barasa akawauliza kwa sauti ya chini.

"Tulitunga, Kocha," Masika akajibu kutoka huko juu. "Lakini imeshika."

"Mnaona?" nahodha akawaambia wenzake madirishani mwa basi. "Hata wao."

Mimi nikajitosa. Nikaenda mbele ya Kokoo nikainamisha kichwa, akaninyunyizia, nikasimama wima nionekane mzima. Nahodha akatikisa kichwa, akasema mtoto wa hiyo nyumba amezoea, hahesabiki. Akashika mlango wa basi. Kamisaa akafungua mkoba wake. Baba alikuwa anatazama milingoti yake, ule wenye maua, kwa jinsi unavyomtazama mtu anayesafiri.

Hapo mlango wa jikoni ukafunguka na mama akatoka, unga mikononi hadi viwiko. Ujue kwamba jana yake mama alikuwa ameenda saluni. Ilikuwa mara moja kwa mwaka, nywele zimewekwa roli, zimepigwa mafuta, zimesimama mawimbi kwa mawimbi, na alikuwa amelala ameketi ili zisivunjike. Alipita katikati ya wanaume wote hao, akafika mbele ya Kokoo, akafungua kitambaa cha kichwa. Akaniwekea mkononi. Kisha akainamisha kichwa, chini kabisa, jinsi watoto wa Kimaasai wanavyowainamia wakubwa, jinsi ambavyo sikuwahi kumwona akifanya.

Kokoo aliyatazama yale mawimbi. Halafu, kwa mazoea, akanigeukia mimi.

"Mwambie mama yako nywele itaharibika."

Mama, kichwa bado chini: "Mwambie bibi yako nywele ni yangu."

Kokoo akachovya majani. Nilishawaona wageni wengi wakinyunyiziwa, lakini ile ilikuwa mvua ya masika. Aliachilia baraka zote ambazo mama alizikwepa kwa kisingizio cha sufuria, moja baada ya nyingine, pamoja na faida. Maziwa yalitiririka masikioni, yakafika shingoni, mawimbi yakalala. Akamwombea ng'ombe, akamwombea watoto, akamwombea mgongo usiume. Na kila aliponyamaza kupumua, mama aliitikia "Naai", kama tunavyoitikia amina, mahali penyewe, kwa sauti yenyewe, bila kukosea hata moja. Mtu hajifunzi hivyo kwa siku moja. Huko alikokuwa anakorogea sufuria, alikuwa anasikiliza.

Kokoo akashusha mkono. Na kwa mara ya kwanza tangu ule mkasa wa kitambaa, alimtazama mama, si mimi.

"Umeitikia vizuri," akasema.

"Nimekuwa nikikusikia, mama."

Sijui ni nini kilimgusa yule nahodha. Labda aliona kwamba hakuna mchawi duniani anayeweza kumshawishi mwanamke aliyetoka saluni amwagiwe maziwa kichwani. Alivua kofia, akaja, akainama nyuma ya mama. Basi likamwagika. Walipoona wageni wamepanga foleni, wachezaji wetu wakatoka bandani mbio kwa aibu, wakaanza kusukumana wasiwe wa mwisho, na Masika ilibidi apige magoti ili Kokoo amfikie. Marefa wakapita. Kamisaa akasema yeye yuko kazini, lakini tone moja lilimpata kwenye miwani na hakulipangusa.

Mechi yenyewe sitakudanganya. Ilikuwa mbaya kuliko mechi zote zilizowahi kuchezwa chini ya jua. Kila upande ulikuwa umebarikiwa sawasawa, na wakawa kama watu waliokutana harusini. Mtu akimwangusha mwenzake anamwinua na kumpangusa vumbi. Mpira ukitoka, wanabishana kwa adabu kwamba ni wako, hapana, ni wako. Karibu na mwisho, nahodha yule mfupi alipiga shuti lililotufanya sote tufumbe macho, mpira ukagonga yale maua ya chuma juu ya mlingoti, ukarudi uwanjani, na baba akalia hapohapo bila kungoja filimbi. Ilipopulizwa, Kitengela yote ikamwagika ndani. Watu walibebana, walibingirika, walikumbatia pundamilia kama wangewapata.

Nikapenya pengo la ua nikamtafuta baba. Nikamuuliza nani ameshinda. Akasema hakuna. Nikamuuliza sisi tumepata ngapi.

"Sufuri."

"Na wale?"

"Sufuri."

Nikawatazama. Wote wamepata sufuri na wanaimba. Nikamuuliza kwani wanaimbia nini.

"Tumebaki, Naserian," baba akasema, machozi na kamasi vimeshikana. "Wengine wanaenda, sisi tumebaki. Mwaka ujao tuko hapohapo tulipo."

Nilisimama nikaitafakari ile habari. Watu wazima, wamefeli, wamepata sufuri, wameambiwa warudie palepale, na mji mzima unawabeba mabegani. Mzigo niliokuwa nimeubeba tangu Ijumaa ukashuka wote. Kumbe ndivyo inavyopokelewa. Nikapanda juu ya benchi la kanisa lililokuwa limeletwa kando ya uwanja, mbele ya baba, mbele ya mama aliyekuwa amefika na nywele zake zilizolala, mbele ya timu mbili na kamisaa, nikatangaza kwa sauti yangu yote kwamba hata mimi nimebaki. Mwalimu amesema. La pili, hapohapo nilipo.

Baba aliacha kulia. Mama alipokea habari polepole, kama mtu anayesoma barua ya mbali, kisha akainama akavua ndala. Lakini Masika hakuwa amesikia chochote ila neno la mwisho. Nimebaki. Alininyakua kutoka benchini akaniweka mabegani, huko juu ambapo hewa ni nyingine, akaanza kukimbia kuuzunguka uwanja, na timu ikadaka wimbo. Naserian amebaki, Naserian amebaki. Wageni nao wakaingilia bila kujua mimi ni nani na nimebaki wapi. Kokoo alikuwa anapiga vigelegele. Mama alitufuata mzunguko mzima, ndala mkononi, maziwa yakimtiririka shingoni, na kila alipokaribia Masika aliongeza mwendo. Mzunguko wa pili nilipotazama chini, ndala ilikuwa imerudi mguuni, na mama alikuwa katikati ya wachezaji, anaimba pamoja nao, sauti yake ya kwaya juu ya zote, kwamba Naserian amebaki.